Chombo Hakishuki Kimya

Jumatatu, 3 Machi

Muhula umeanza leo na mvua nayo imeanza leo. Mwalimu wa kwaya aliingia ukumbini mabega yamelowa, akatangaza kwamba mashindano ya mwaka huu yamebadilishwa kanuni: kila shule ilete wimbo mpya uliotungwa na mwanafunzi. Akauliza nani ana wimbo. Tulisikiliza mabati.

Niliinua mkono, ila niliuinua kama mtu anayejikuna sikio, na Mwalimu akanipita. Aliyeniona ni Besi. Yuko kidato cha nne na ana sauti nzito kiasi kwamba akinong'ona, vioo vya dirisha vinamjibu.

"Mwalimu, Maktaba ana wimbo!"

Maktaba ni mimi. Nilipewa jina hilo kidato cha kwanza, siku ya michezo, nilipokutwa nasoma nyuma ya goli huku mpira unachezwa. Sikulichukia. Maktaba ni mahali pazuri kuliko watu wengi ninaowajua.

"Wimbo wa nini?" Mwalimu akauliza.

"Wa kushusha chombo majini," nilisema. Nadhani nilisema.

Kengele akageuka. Ndiye kiongozi wetu na ndiye anayebeba sauti ya kwanza. Alinitazama kuanzia viatu kwenda juu. "Chombo gani, sufuria?"

Ukumbi mzima ukaangua kicheko. Mimi pia nilicheka kidogo, maana ulikuwa utani mzuri. Lakini wimbo wangu nao ni mzuri, na hilo nalijua vile ninavyojua nyumba yetu iko upande gani wa barabara.

Jumanne, 4 Machi

Shajara hii ni mpya na haijui chochote, kwa hiyo niieleze habari za Waupeo.

Waupeo hawapo. Niliwabuni nilipokuwa darasa la tano, nikiwa nimelala na homa. Mama ni fundi cherehani, na wiki ile alikuwa akishona mapazia ya buluu ya ukumbi fulani. Kitambaa kilijaa chumba kizima, kikafunika viti na meza na miguu yangu. Nikaanza kujiuliza ni watu gani wangeweza kuishi humo ndani. Homa ilipoisha, wao hawakuondoka. Wanaishi kwa kusafiri, umri wao wanauhesabu kwa safari, na ni mwiko kwao kumsema mtu aliye safarini kwa kuwa hayupo kujitetea. Bahari yenyewe sijawahi kuiona. Sioni kama hilo ni tatizo.

Vyombo vyao wanaviunda karakana, mbali kidogo na maji. Siku ya kukishusha kimoja, watu wote hukiegemea kwa migongo na kukisukuma, nyuso zikitazama nje. Hawaonani. Wanasikilizana kupitia mbao. Na wanaimba, tangu mlango wa karakana mpaka majini, sauti isikatike hata kidogo. Waupeo wanaamini maji hayajui kitu mpaka yaambiwe. Chombo kinachoingia kimya hakikutambulishwa, na maji yakikimeza hayana kosa. Kwa hiyo wimbo ukikatika, hata kama mawimbi yameshawalowesha visigino, wanakirudisha karakana na kuanza upya; kuendelea ni mwiko. Hakuna anayelaumiwa, na hakuna anayebisha.

Wimbo unaanza hivi:

Shuka, mwana wa misumari,
mgongo wako ni wetu.
Maji hayakujui bado,
tumekuja kuyaambia.

Mama kachungulia sasa hivi. "Hao Waupeo wako wanakula saa ngapi? Maana mwenyeji wao hajaosha hata kijiko."

Alhamisi, 6 Machi

Nilimwimbia Mwalimu peke yake katika chumba cha ala, mgongo wangu ukiwa kwenye kabati la ngoma. Alisikiliza sauti zote nne, moja baada ya nyingine, akizungusha kalamu.

"Nani amekufundisha kupanga sauti hivi?"

"Hakuna, Mwalimu."

"Ndiyo maana ina makosa ya kupendeza. Mengine tutayaacha yalivyo."

Ndipo nikamweleza kwamba tutasimama duara, migongo ndani, nyuso nje, na duara litembee toka mlango wa ukumbi, ndio karakana, mpaka jukwaani, ndiyo maji. Akaelewa haraka kuliko nilivyotaka.

"Na mimi nitasimama wapi?"

"Waupeo hawana mwongozaji, Mwalimu."

Kalamu ikasimama. Ameongoza kwaya hii tangu mimi sijazaliwa.

"Binti," akasema, "unanifukuza kazi kwa adabu sana."

Kisha akatoa sharti. Tutauimba kwanza mbele ya shule nzima, Aprili. Ukifika mwisho bila kukatika, tutakwenda nao mashindanoni hivyo hivyo ulivyo. Ukikatika, tutachukua wimbo wa mwaka jana, mimi niupachike maneno mapya, na kanuni itakuwa imetimizwa.

Nikakubali. Ningeweza kusema "asante" tu, lakini nilisema, "Hautakatika." Mdomo wangu una ujasiri wa peke yake siku nyingine.

Ijumaa, 7 Machi

Mvua. Jaribio la kemia. Hakuna zaidi.

Jumatatu, 10 Machi

Umekatika. Umekatika mstari wa nne, tukarudi mlangoni. Ukakatika mstari wa nne, tukarudi mlangoni. Mara ya tatu tulifika wa nane, Besi akaanza kushangilia, na kwa sababu ya kushangilia ukakatika.

Nimegundua kasoro iko wapi, na inachekesha kama si ya kwako. Mwalimu wetu ana msemo mmoja, "Pumzi moja!" Amewafundisha watu kuvuta pumzi pamoja mpaka imekuwa kama kupepesa jicho, mwisho wa mstari kola zote zinapanda kwa wakati mmoja. Majaji walikuwa wakitusifia kwa hilo. Sasa, wimbo usiotakiwa kukatika ukiimbwa na watu wanaopumua pamoja, ni lazima ukatike. Hakuna kwaya mbovu ambayo ingeweza kukosea hivi. Inahitaji kwaya iliyofunzwa vizuri sana.

"Hiki chombo kimeota mizizi karakana," Besi alisema. "Tukipandie maua kabisa."

Kengele alikuwa amekunja uso. "Si tuendelee tu ukikatika? Nusu sekunde! Nani atajua?"

"Sisi," nilisema, lakini mvua ilikuwa kubwa na mimi nilikuwa nimetazama nje.

Jumatano, 12 Machi

Bado karakana.

Ijumaa, 14 Machi

Bado karakana. Kengele amesema mbele ya watu wote kwamba mtu asiyejua hata kuogelea hawezi kutufundisha habari za baharini. Besi akamjibu kwamba hata yeye Kengele hajui kuogelea. "Lakini mimi sijashusha chombo cha mtu," akasema.

Namwona Kengele kama mtu aliyezaliwa na kila kitu halafu akaudhika alipoona wengine nao wana pua.

Jumanne, 18 Machi

Nafuta niliyoandika Ijumaa, ingawa nayaacha yasomeke.

Leo nilimkuta Kengele bombani, ananawa uso na hamalizi. Nilitaka kurudi nyuma kimya kimya, ustadi wangu mkubwa, lakini aliniona.

"Maktaba, njoo hapa. Usikimbie, mimi si mbwa."

Nikaenda.

"Huo wimbo wako. Sitoi noti yangu bila kumwona Mwalimu. Umesikia? Tangu kidato cha kwanza nasoma mdomo wake. Anatamka noti kabla sijaitoa, bila sauti, kwa ajili yangu tu. Nikigeuzwa huko nje naona ukuta. Natafuta noti kama mtu anayetafuta swichi gizani."

"Mbona hukusema?"

"Kiongozi wa sauti ya kwanza aseme hajui noti? Wewe vitabu vinakupotosha."

Nikafanya ninachofanya nyumbani nikiwa peke yangu na ukuta. Nikamgeuzia mgongo. Nikamwomba na yeye ageuke, aegemee. Tukawa tumeegemeana pale bombani kama vitabu viwili kwenye rafu isiyojaa. Nikaimba sauti yangu, ile ya pili, polepole. Akasita. Halafu akaitoa noti yake, safi, juu yangu hasa pale inapotakiwa.

"Naisikia mgongoni," akasema. "Ajabu. Inawasha."

Tukaendelea. Na hapo tukaona jambo jingine: nilipovuta pumzi, mbavu zangu zilimsukuma, naye akajua asivute. Akangoja mpaka mimi nimesharudi kwenye sauti, ndipo akavuta yake. Tuliimba ubeti wote, ukawa kamba isiyo na fundo. Mama wa jikoni alipita na ndoo akatuuliza kama tumegombana.

Jumatano, 19 Machi

Kengele ndiye aliyewafundisha wote. Mimi nilisimama pembeni nikiitikia kwa kichwa. "Sikieni! Mbavu za jirani zikipanuka, zako zinangoja. Usiionee wivu pumzi yake, yako inakuja. Besi, wewe ukivuta hewa unaninyanyua mpaka soksi zinaonekana, punguza!"

Besi akasema mbavu zake ni za ukoo, hawezi kuzipunguza.

Tulivuka mstari wa nane. Tulivuka ubeti wa pili. Ulikatika wa tatu. Watu walirudi mlangoni bila kuambiwa.

Alhamisi, 27 Machi

Mvua, mvua, mvua. Umefika ubeti wa nne.

Jumatatu, 31 Machi

Nilidhani Mwalimu angenuna. Nilikuwa nimejiandaa kwa hilo, hata nilitunga sentensi za kumjibu. Badala yake, leo alizunguka duara letu kwa nje, akiinama mbele ya kila mmoja wetu, akisikiliza kama daktari. Alipofika kwangu alinong'ona, "Punguza 'maji', ongeza 'tumekuja'. Habari si maji. Habari ni kwamba mmekuja." Alisema kweli. Nilikuwa nimeishi na mstari huo miaka yote na sikuwa nimeuona.

Halafu akarudi kwenye benchi, na mikono yake ikaanza kupanda yenyewe kutuongoza. Aliitazama kama watoto wa jirani. Akaikalia.

Ijumaa, 11 Aprili

Leo ndiyo leo. Shule nzima ilikuwa ukumbini, viti vimesogezwa ukutani, sisi mlangoni. Mkuu wa shule aliuliza kwa nini tumepeana migongo sisi kwa sisi na kumtazama kila mtu usoni. Mwalimu akasema, "Ngoja, Mkuu," na akakalia mikono.

Sikuwa na hofu. Naliandika hili kwa sababu lilinishangaza. Mimi ambaye nikiulizwa jina langu dukani nasahau, nilisimama nimetazama nyuso za kidato cha pili, karibu kiasi cha kuona mwenye jino bovu, na sikuwa na hofu, kwa sababu mgongoni nilikuwa na kwaya nzima. Nadhani ndiyo maana Waupeo wanafanya hivi. Sikulijua nilipowatunga.

Tulianza. Tulitoka karakana. Katikati ya ukumbi, mvulana mmoja wa mstari wa mbele alipiga chafya kubwa na duara likatetemeka, lakini sauti ya tatu ilikuwa imeushikilia wimbo. Tukafika jukwaani. Visigino vyangu viligonga mbao za ngazi, na mbao ndizo maji. Ubeti wa mwisho tunaimba hapo tumesimama:

Umeambiwa, ewe maji,
huyu si mgeni tena.
Akichelewa, muulize;
akirudi, tuamshe.

Kisha tukanyamaza, sasa kwa haki yetu.

Mwalimu alisimama na kusema, "Tunakwenda." Kengele alinikumbatia kwa nguvu mpaka kitufe cha sare yangu kikaruka. Mama amekishona sasa hivi, bila kuuliza kilikatika vipi, ila alitabasamu na uzi mdomoni.

Jumamosi, 3 Mei

Likizo fupi. Nimesoma vitabu vitatu na kufua mashuka. Waupeo wamenyamaza kichwani. Nadhani wana shughuli.

Alhamisi, 22 Mei

Mazoezi ya mwisho. Hatujakatika tangu wiki ya kwanza ya mwezi. Besi anasema ameanza kungoja pumzi ya mama yake mezani.

Kombe linatajwa sana sasa. Hata mpishi anauliza litawekwa wapi. Mwalimu halitaji, lakini ameshona kifungo kipya kwenye koti lake na amepiga viatu rangi.

Jumamosi, 24 Mei

Tumerudi jioni. Naandika yote kwa mpangilio, nisije nikayapamba kesho.

Ukumbi wa mashindano ni mkubwa kuliko wetu, una mabati vilevile. Waandaaji walikubali tuanzie mlangoni na tuelekee jukwaani kupitia katikati ya watu. Walitukumbusha kwamba kengele ya muda ikilia, kwaya inanyamaza, la sivyo inaondolewa. Tulikuwa na muda wa kutosha na zaidi. Majaji walikuwa watatu, mezani, mbele.

Tulipoanza mvua ilikuwa manyunyu. Tulitoka vizuri. Nawaambia kweli, hatujawahi kuimba vile. Watu waliacha kujipepea. Nilikuwa nyuma ya duara, nimetazama mlango tuliotoka, Kengele yuko mgongoni kwangu ametazama majaji, na nilizisikia sauti zote nne zikipita kwenye uti wa mgongo wangu kama maji kwenye bomba.

Tulikuwa tumekaribia jukwaa mvua ilipoanguka. Haikuanza, ilianguka, kama mtu amemwaga kokoto juu ya paa. Tulishtuka. Na tuliposhtuka, mwili ukarudia ulichofunzwa zamani: tukavuta pumzi moja. Wote. Nilisikia mbavu zote zikipanuka kwa pamoja, na chini ya kelele ile ya mabati, wimbo haukuwepo.

Ulikuwa muda mdogo. Mdogo sana. Besi alishika tena, sauti ya tatu ikashika, na mvua ilikuwa imeziba pengo lote kama saruji. Niliwaona watu waliokuwa mbele yangu. Hakuna uso uliobadilika. Mwanamke mmoja aliendelea kutikisa kichwa kwa mapigo yetu. Hakuna aliyejua.

Na mimi, niliyewaumba Waupeo, niliyewapa mwiko wao kwa mkono wangu, nilifungua kinywa ili niendelee. Naliandika bila kulizunguka. Jukwaa lilikuwa pale. Viatu vya Mwalimu vilikuwa vimepigwa rangi.

Ndipo nikasikia mgongo wa Kengele ukinisukuma. Mara ya kwanza nilidhani anateleza. Akanisukuma tena, taratibu, kama anayefungua mlango kwa bega kwa sababu mikono ina vitu. Alikuwa anarudi nyuma. Alikuwa ananirudisha mlangoni. Kushoto kwangu Besi akanyamaza na kugeuza mwendo, kisha wote, bila neno, duara zima likatembea kinyume katikati ya watu walioanza kunong'onezana, mpaka karakana. Nilikuwa wa kwanza kugusa mlango kwa kuwa ndio nilioutazama.

Tukaanza upya. *Shuka, mwana wa misumari.*

Kengele ya muda ililia tukiwa katikati ya ukumbi. Nilisikia mbavu za jirani zangu, kila moja kwa zamu yake. Hakuna aliyesimama. Ungesimamaje? Maji yalikuwa hayajaambiwa. Ikalia tena. Besi akaimba juu yake. Tukafika jukwaani, visigino kwenye mbao, tukamaliza ubeti wa mwisho wote, hata ile noti ndefu ya sauti ya pili, ambayo ni yangu, na sikuipunguza.

Walitangaza washindi. Sisi tulitajwa mwisho, peke yetu, kwamba tumeondolewa kwa kuzidisha muda na kutotii kengele. Hakuna aliyelia. Mwalimu alikuja, akatutazama mmoja mmoja. Nilidhani angesema la kufariji, akasema, "Ilikatika kwenye 'mgongo' ya mwisho. Niliisikia." Akavua koti, akamvika Besi aliyekuwa ametota jasho. "Mimi ningeendelea," akasema tena, kwa sauti ndogo, na akaenda kutafuta dereva.

Nilimuuliza Kengele kwa nini alirudi. Alikunja uso wake ule wa zamani. "Unauliza nini wewe? Si ilikatika?"

Wengine walipokuwa wanatoka, jaji mmoja, mama mwenye miwani minene, aliniita mezani. Karatasi yetu ilikuwa mbele yake, ina alama kubwa halafu mstari mwekundu juu ya alama.

"Wewe ndiye mtunzi?"

"Ndiyo, mama. Shikamoo."

"Marahaba. Nieleze, mwanangu. Mlikuwa mmeshafika. Mbona mlirudi?"

"Sauti ilikatika, mama."

"Mimi sikusikia kukatika."

"Sisi tulisikia. Kwa Waupeo wimbo ukikatika ni mwiko kuendelea, chombo kinarudi karakana."

Alivua miwani, akaifuta kwa khanga, akaivaa. "Hao watu wenye mwiko huo," akasema, "nimesoma mambo mengi ya nyimbo, sijawahi kukutana nao. Wanaishi wapi?"

Siku zote nilijua jibu la swali hilo. Jibu lilikuwa neno moja, "hawapo", na nilikuwa tayari kulisema. Lakini nje, kupitia mvua, nilisikia Besi anagombania kiti cha dirishani, na Kengele anamwambia asogee, mwenzao mmoja bado hajafika, wasiondoke.

"Wako nje, mama," nilisema. "Wanapanda basi."

Akageuka dirishani kuwatazama.